Anko wa Muziki: Kwani hawa watu wa jazz wanabahatisha?

Toleo lililopita niliandika mstari mmoja tu, kwamba mpiga saksafoni wa jazz anaweza kupiga wimbo uleule siku kumi na solo, ile zamu yake ya kutamba huku wenzie wakimshikia, ikatoka tofauti siku zote kumi. Mstari mmoja! Maswali yaliyoingia yangejaza gazeti zima kuanzia jalada mpaka matangazo ya magodoro. Nimechukua machache, yale ya "Anko nikopeshe gitaa" nimeyaweka pembeni.

*

Shikamoo Anko. Ulisema hawakariri solo. Sasa kama hawakariri si ina maana wanabahatisha tu? Nauliza kwa sababu nina binamu anabahatisha gitaa hapa nyumbani na hatulali. (Msomaji, Tabora)

Marahaba mwanangu. Binamu yako mvumilie, kila mtu alianza kwa kuudhi majirani. Ila hapana, hawabahatishi, na hapo ndo wengi tunapokosea, tunaona mtu kafumba macho jasho linamtoka tunadhani noti zinamshukia tu kutoka juu.

Iko hivi. Fikiria daladala. Njia inajulikana, vituo vinajulikana na vinafuatana, dereva hawezi kuamka asubuhi akaamua leo Buguruni haipo. Lakini kati ya kituo na kituo pale ni yeye na usukani wake, atatanua, atachomekea, atapunguza mwendo akiona abiria, atapita uchochoro ambao hata wewe uliyezaliwa mtaa ule huujui, na kituoni utashuka palepale. Solo ya jazz ndo hiyo. Vituo ni kodi (noti kadhaa zinazolia kwa pamoja kwenye kinanda au gitaa jamani, zile za TRA tuziache), zimepangwa kwa mpangilio ambao bendi nzima wanao kichwani, mpangilio ukiisha unaanza upya, unaisha unaanza upya, mpaka waamue kumaliza.

Chukua bluzi, ndo njia fupi. Ni bari 12, kila bari unahesabu moja mbili tatu nne. Bari 4 za kwanza mko nyumbani, kodi ya kwanza (namba ni ngazi ya noti ukihesabu kutoka nyumbani). Ya 5 na ya 6 mnatoka mnaenda kodi ya nne, 7 na 8 mmerudi, ya 9 mnapanda kodi ya tano, ya 10 mnashuka ya nne, 11 na 12 nyumbani tena. Basi. Wa besi anajua, wa drams anajua, wa piano anajua, kwa hiyo mwenye tarumbeta akiruka huku na huku wenzie hawamtafuti, wanajua atatokea wapi. Nyimbo nyingine zina bari 32 na kodi zinabadilika mpaka kizunguzungu, lakini mchezo ni uleule.

Mfano ninaoupenda ni Coleman Hawkins. Huyu mzee wa saksafoni alikaa Ulaya miaka mitano, akarudi Marekani 1939 watu wanajiuliza kama bado yumo. Tarehe 11 Oktoba mwaka huohuo akaingia studio New York akapiga "Body and Soul", wimbo wa mapenzi ambao kila mtu alikuwa anaujua. Mwanzoni kabisa anakugusia kidogo sauti ya wimbo, kama mtu anayekuonyesha kitambulisho getini afu anakirudisha mfukoni, baada ya hapo dakika karibu tatu hutausikia tena ule wimbo, anazunguka mizunguko miwili ya bari 32 anatunga yake juu ya kodi zilezile. Na sahani ya santuri ikauzwa kama njugu! Watu wa kawaida kabisa, sio maprofesa.

Halafu kuna ujanja mwingine ambao ukishaujua huachi kuuona. Charlie Parker wa saksafoni na wenzie walikuwa wanachukua kodi za wimbo wa mtu, wanatupa sauti ya juu, wanaweka yao, wimbo mpya huo. Haki za mtunzi zilikuwa kwenye ile sauti ya wimbo, mpangilio wa kodi hakuna aliyeumiliki, kwa hiyo kampuni hailipi mtu na mpigaji kapata kibao chake. "Ko-Ko" ya Novemba 1945 ni "Cherokee" imevaa koti lingine, na ipo teki (jaribio la kurekodi) ya siku ileile ambapo wanajisahau wanaanza kupiga "Cherokee" yenyewe, wanasimamishwa haraka haraka kabla mambo hayajaharibika. Nikiisikia huwa nacheka peke yangu.

*

Mwalimu, naomba kujua ilianzia wapi hii. Nimesoma kwamba rekodi ya kwanza ya jazz ni ya wazungu, inamaana ni wao walioanzisha? (Mwanafunzi, Mombasa)

Rekodi ndio, muziki hapana. Original Dixieland Jass Band, wazungu watupu kutoka New Orleans, walirekodi New York tarehe 26 Februari 1917 na ndo sahani inayohesabiwa ya kwanza. Lakini mtu wa kwanza kupiga picha ya mwembe siye aliyeupanda.

New Orleans kulikuwa na uwanja unaitwa Congo Square. Watumwa Waafrika waliruhusiwa kukusanyika pale Jumapili, ngoma zao, kucheza kwao, mmoja anaita wengine wanaitikia, kitu ambacho wewe wa Pwani sihitaji kukueleza, umekulia ndani yake. Ukija miaka ya mwisho ya karne ya 19 mji una bendi za matarumbeta kila kona, za harusi, za maandamano, za mazishi, kuna Wakreole (machotara wa mji ule) waliosoma muziki wa karatasini na kuna vijana weusi wa upande wa juu wa mji wanaopiga kwa sikio, na humo ndani anatokea mpiga koneti (ndugu mfupi wa tarumbeta) mmoja anaitwa Buddy Bolden, kazaliwa 1877, ambaye wote waliomsikia walikuwa wanasimulia sauti yake mpaka wanazeeka. Mwaka 1907 akapelekwa hospitali ya wagonjwa wa akili, hakutoka tena mpaka alipofariki 1931. Hakuna rekodi yake hata moja inayojulikana. Mi hilo huwa linaniuma kuliko mambo yote ya historia ya muziki, yaani tunamjua baba wa ukoo kwa masimulizi tu.

Sasa zamani zile solo kama tunavyoijua haikuwepo sana. Walikuwa wanabuni wote kwa pamoja. Koneti inashika wimbo, klarineti inasokota juu yake, tromboni inaburuza chini, hakuna anayesubiri zamu na bado hawagongani. Sikiliza King Oliver na Creole Jazz Band yake, walirekodi 1923 kwenye studio ya Gennett huko Richmond, Indiana. Koneti ya pili pale ni kijana wa miaka 21, Louis Armstrong, Oliver kamwita Chicago mwaka mmoja nyuma. Bendi ikisimama ghafla, ile breki ya bari mbili, hawa wawili walikuwa wanatoka pamoja, sauti mbili zimefuatana kama zimeandikwa, na wasikilizaji wanachanganyikiwa, wamekubaliana saa ngapi? Armstrong alikuja kueleza mwenyewe. Bendi ikiwa bado inaendelea, Oliver alikuwa anamwinamia pembeni anabonyeza vitufe vya koneti yake, vile atakavyobonyeza breki ikifika, kijana anaangalia vidole, anatafuta noti za kuendana, breki ikifika wapo. Wananong'onezana kwa vidole mbele za watu!

Armstrong huyohuyo ndo alikuja kuifanya solo kuwa mfalme. "West End Blues", Juni 1928, anaanza peke yake, hakuna drams hakuna piano, sekunde kama 12 hivi, anapanda anashuka anapanda tena. Kuanzia hapo kila mpiga tarumbeta duniani alikuwa na kazi ya kufanya.

*

Babu yangu alikuwa mpenzi wa Morogoro Jazz mpaka leo anavaa suruali ya enzi hizo. Nikamchezea jazz ya Wamarekani akasema hii sio jazz. Nani mkweli? (Morogoro, wapi tena)

Babu yako mkweli, na Wamarekani wakweli. Huku kwetu jina lilifika kabla ya muziki wenyewe. Dar es Salaam Jazz Band ni ya 1932, Morogoro Jazz 1944, na ng'ambo ya pili kule Leopoldville, Kinshasa ya leo, Franco na wenzie wakaanzisha OK Jazz 1956. Ukisema jazz maana yake bendi ya kisasa, watu wana suti, wana matarumbeta na magitaa, wanapiga dansi. Wanachopiga kikawa rumba, chacha na mengineyo yaliyokuja kwenye sahani za Kuba.

Ila usije ukamwambia babu kwamba hakuna kubuni humo, atakurushia kiatu. Sebene ni nini? Kodi tatu nne zinazunguka, rizimu imeshika palepale haibanduki, solo inaachiwa itembee mpaka miguu ya watu ikatae kukaa. Mbaraka Mwinshehe akishika solo pale Morogoro Jazz unadhani alikuwa anasoma karatasi? Na ukija Unguja kwenye taarab ya asili, mwenye udi au fidla akipewa taksimu anatembea peke yake ndani ya makamu (ngazi ya noti ya Kiarabu), anazurura, anakuweka roho juu, anarudi, ukumbi mzima unaguna "Allah!" Hao ni ndugu kabisa wa Hawkins. Tofauti ni kwamba sebene inazunguka padogo ili mchezaji asipotee, jazz ya akina Parker inakimbia kwenye kodi nyingi na mchezaji akipotea shauri yake, kwanza wengi wao hawakuwa wanapigia watu wacheze.

*

Kaka, mzee wetu hapa anaapa kwamba 1960 alimwona Louis Armstrong kwa macho yake hapa Lubumbashi. Sisi tunasema ni uzee. (Lubumbashi)

Muombeni mzee radhi. Armstrong alikuja Kongo mwaka huo, serikali ya Marekani imemtuma. Oktoba Leopoldville wakambeba kwenye kiti mabegani kama chifu, na Novemba akapiga Elisabethville, ndo Lubumbashi yenu ya leo. Nchi inawaka moto, Katanga imejitenga, Lumumba kafungiwa nyumbani kwake, na huku tarumbeta inalia. Siasa za pale ni ndefu mno, nisiingie.

Ila niseme jambo moja ambalo wapenzi wa jazz hawapendi kulisema. Armstrong wa miaka ile solo zake nyingi alikuwa ameshazijenga, akipata moja nzuri anaitunza, anaipiga hivyohivyo usiku hadi usiku, anabadilisha kidogo tu. Wapo wanaoona ni uvivu. Mi sioni. Fundi akishapata mlango unaofunga vizuri hauvunji kila asubuhi ili aonekane ana kipaji.

*

Anko heshima yako. Mi napiga gitaa kanisani na kwenye kibendi cha mtaani. Nikipewa solo kichwa kinakuwa cheupe, napotea bari, nikirudi wenzangu washabadilisha kodi. Nifanyeje? Na ukikosea mbele za watu unajiokoaje? (Mpiga gitaa, Kigamboni)

Karibu kwenye chama. Miaka ya 90 nilikuwa napiga kwenye bendi ya hoteli moja ya ufukweni, tunapigia wageni wakila kamba. Siku hiyo bluzi ya kawaida kabisa, zile bari 12 nilizomweleza wa Tabora, nikapewa solo, nikaanza vizuri, kuna dada meza ya mbele akatabasamu. Nikaacha kuhesabu. Nilivyokuja kushtuka mpiga besi ananiangalia nyusi ziko juu kichwani, namfuata, kumbe na yeye ananifuata mimi, tukawa tunafukuzana pale mpaka wa drams akapiga kishindo cha "jamani moja ni hapa". Tuliposhuka kiongozi wa bendi hakunigombeza, aliniambia tu, "Wewe ulikuwa unaelekea Chalinze, sisi tuko Kibaha." Nimelikumbuka mpaka leo, na tabasamu la yule dada sikulipata tena.

Lakini angalia waliopotea kabla yetu. Charlie Parker, huyuhuyu wanayemwita Bird, mwaka 1936 hajafikisha hata miaka 16 akajipenyeza jukwaani Reno Club, Kansas City, wamo wapigaji wa bendi ya Count Basie. Akapotea. Jo Jones, mpiga drams, akang'oa simbali akaitupa sakafuni karibu na miguu yake, mlio ule ukumbi mzima ukasikia na kicheko juu. Kijana akaondoka kimya. Kiangazi cha 1937 akapata kazi ya kupiga kwenye hoteli za milima ya Ozark, akabeba sahani za mpiga saksafoni Lester Young, akazikalia, noti kwa noti, mpaka akawa anazijua solo zote. Aliporudi mjini waliomcheka walitafuta pa kukaa. Baadaye ndo hao akina Parker, Dizzy Gillespie na Thelonious Monk wakakutana Harlem, Minton's Playhouse, wakaichemsha bibopu, jazz mpya ya kodi nyingi na mbio, usiku baada ya usiku, na kwa bahati mbaya chama cha wanamuziki kiligomea kurekodi kuanzia Agosti 1942 mpaka 1944, kwa hiyo ule mchemko wenyewe karibu wote haumo kwenye sahani.

Kwa hiyo dawa ya kwanza: iba. Chagua solo moja fupi, ya mtu unayempenda, usitafute karatasi, ikae sikioni. Iimbe kwanza. Sio kuipiga, kuiimba, unaosha vyombo unaiimba, unasubiri pantoni unaiimba. Lennie Tristano, mpiga piano aliyekuwa anafundisha New York, alikuwa anawafanya wanafunzi waimbe solo za Lester Young kabla hawajagusa chombo. Ukishaimba bila kukosea ndo shika gitaa. Dawa ya pili, jirekodi kwenye simu ukipiga rizimu ya bari 12 kwa dakika kumi, afu solo yako iwe na noti tatu tu. Tatu! Ukibanwa kwenye tatu utalazimika kucheza na lini, sio na nini, utaanza kuacha nafasi, utakuta unasikia bendi. Kupotea kwingi kunatokana na mdomo mwingi, mtu anaongea mpaka hasikii wenzake wamehamia mada nyingine.

Na kujiokoa. Ella Fitzgerald, 13 Februari 1960, Berlin Magharibi, ukumbi umejaa, anaimba "Mack the Knife" na katikati maneno yanamtoka kichwani. Hakusimama. Akaanza kuimba kwamba kasahau, kwamba anauharibu wimbo, akamwigiza na Armstrong na sauti yake ya kukwaruza, yote hayo vina vinakaa na bari zinahesabika, na onyesho lile likampa Grammy. Angekumbuka maneno sijui kama tungekuwa tunaliongelea leo.

Kuna na ile ya Herbie Hancock anayoisimulia mwenyewe, Stuttgart miaka ya 60, yeye yuko kwenye piano katika bendi ya mpiga tarumbeta Miles Davis. Usiku unakwenda vizuri, wako kwenye "So What", Miles yuko katikati ya solo, Hancock anaweka mikono kwenye piano inatoka kodi mbovu, mbovu kweli, anasema alishika masikio. Miles akanyamaza kidogo tu, kama kuvuta pumzi, afu akapiga noti chache na ile kodi mbovu ikageuka kuwa sahihi. Hancock alikaa nayo miaka kabla hajaelewa kwamba Miles wala hakuisikia kama kosa, aliichukua kama jambo lililotokea na sasa lazima mtu alijibu. Kwa hiyo kijana wangu ukipiga noti mbaya usiikimbie, irudie. Ukiirudia mara ya pili watu wanadhani ulikusudia, na mara ya tatu hata wewe unaanza kuamini.

*

Ni kweli kuna wanajazz wa Marekani walijipa majina ya Kiswahili? (Msomaji, Tanga)

Kweli kabisa, na ni huyohuyo Hancock. Kuanzia 1970 hivi bendi yake ikajivika majina yetu, yeye akawa Mwandishi, na sahani ya 1971 inaitwa hivyohivyo. Buster Williams wa besi ni Mchezaji, Billy Hart wa drams ni Jabali, Bennie Maupin ni Mwile, na Eddie Henderson wa tarumbeta ni Mganga, hapa hawakukosea maana jamaa alikuwa daktari wa kusomea. Aliyenipa shida ni mpiga tromboni Julian Priester, wao walikusudia mtoto wa kiroho, akaishia kuitwa Pepo Mtoto. Jaribu kumtangaza huyo MC wa Tanga saa tano usiku uone nani atabaki ukumbini.

Na kabla yao mpiga piano Randy Weston alirekodi "Uhuru Afrika" Novemba 1960, mwanzoni kuna sauti ya Mtanganyika, Tuntemeke Sanga, anaghani shairi la uhuru kwa Kiswahili halafu bendi inaingia. Afrika Kusini ya makaburu waliipiga marufuku.

*

Niaje Anko. Nimejaribu kusikiliza jazz mara tatu na mara tatu nimelala. Nianzie wapi? Na usiniambie nikasome kitabu. (Nairobi)

Poa sana. Hakuna kitabu. Tafuta "So What" ya Miles Davis kwenye "Kind of Blue" ya 1959, ni dakika tisa na kidogo. Nakuchagulia hiyo kwa sababu Miles alikuwa amechoka na msongamano wa kodi, akaziondoa karibu zote. Njia nzima ina vituo viwili tu. Bari 16 mnakaa sehemu moja, afu 8 mnapanda kidogo sana, kwenye gitaa ni kusogeza kidole fureti moja, afu 8 mnarudi pale pale. Jumla 32, inaanza upya.

Kwanza utasikia besi na piano wananong'ona kama hawajaamua. Afu besi inauliza swali na wengine wanaitikia kwa mapigo mawili, pa-paa, besi inauliza tena, pa-paa. Hapo kwenye hayo mapigo ndo anza kuhesabu na uimbe nao, sikia ule mpando ukifika bari ya 17. Hayo maswali na majibu yakiisha Jimmy Cobb wa drams anaigonga simbali moja kubwa, inalia inaenea chumba kizima, na ndani ya ule mlio Miles anaingia. Anapiga kidogo. Anaacha. Anapiga kidogo. Mizunguko miwili, kisha anakuja John Coltrane wa saksafoni ambaye yeye kunyamaza ni mtihani, kisha Cannonball Adderley, saksafoni pia, kachangamka kama katoka harusini, kisha piano ya Bill Evans. Njia moja, madereva wanne.

Usifanye kitu kingine wakati unasikiliza, zima TV, hesabu tu. Ukifika kwa Coltrane bado unajua uko bari ya ngapi niandikie, nataka kujua. Mimi mara ya kwanza nilipotelea kwa Miles hukohuko, na nilikuwa natumia vidole.